Bwana Gaddis na Sauti ya Mpelelezi Tolliver

Baada ya miaka ishirini na tisa ya kukalia kiti cha turubai chenye jina lake mgongoni, mtayarishaji wetu wa filamu, Bwana Thurman Gaddis, anastaafu leo Ijumaa, Juni 27, 1958. Studio imeniomba mimi, mhariri wa filamu zake, niseme mema yake. Nimeyatafuta kwa bidii.

Alianza kama dereva wa mkurugenzi, akapanda cheo kwa kipaji cha kuitikia "ndiyo" kabla hajaulizwa. Filamu zake zilikuwa zile za kuonyeshwa mwanzo, kabla ya filamu kubwa, watu wakiwa bado wanatafuta viti. Ngazi moja ya mbao ilitumika filamu baada ya filamu, kwenye jumba la tajiri, hoteli na gereza. Hakuwahi hata kuipaka rangi.

Kilele chake ni filamu ya Mpelelezi Tolliver, mwaka 1946. Tolliver alikuwa wa redio. Kila Jumanne jioni watu waliacha vyombo kwenye karai wakamsikilize, na aliyemwigiza ni Elmo Wysocki, mtu mfupi, kipara, mwenye sauti ya kusisimua mwili. Elmo alikuja kuomba nafasi hiyo amevaa suti yake ya harusi.

"Wee mzee, sura hiyo iache hukohuko redioni," Bwana Gaddis alimwambia mbele yetu sote. "Utanifukuzia watu!"

Akamchukua Craig Lattimer, mabega kama kabati, sauti kama kuku aliyekanyagwa. Kisha akaipiga picha hadithi ya redio neno kwa neno. Redioni mpelelezi hutaja kila anachokiona, la sivyo msikilizaji atajuaje? Basi Craig naye akasimama mbele ya kamera akatangaza: "Naona umeshika bastola, na dirisha liko wazi!" Bastola tunaiona, dirisha tunaliona.

Kwenye onyesho la majaribio kule Pasadena watu walicheka mpaka machozi. "Na mimi naona mlango, naenda zangu!" mama mmoja akapaza sauti. "Tolliver wetu mmempeleka wapi?"

Kesho yake Elmo aliitwa kwa mlango wa nyuma. Aliomba kitu kimoja tu, jina lake litokee kwenye filamu, na akaahidiwa. Akaingia chumba cha sauti, akayatia maneno kinywani mwa Craig kwa sauti yake, nami nikayakata yale matangazo ya bastola na dirisha. Filamu ikapendwa kila mahali. Jina la Elmo halikutokea. La Bwana Gaddis lilitokea mara mbili.

"Nani anasoma majina, bwana?" alijibu tulipomuuliza. "Watu wameshasimama wanavaa makoti."

Wahenga walisema mtaka cha mvunguni sharti ainame. Bwana Gaddis aliwainamisha wenzake, yeye akachukua. Iliniuma wakati ule, na inaniuma leo.

Hata hivyo asante, Bwana Gaddis, kwa keki za Krismasi, ngumu lakini za kila mwaka. Tunakuombea uzee wenye afya, samaki wengi na majirani wavumilivu.

Na nyinyi wageni wetu, kabla hamjavaa makoti: maneno haya ni yangu, lakini anayeyasoma nyuma ya pazia hili si mimi. Wengi wenu mmeshaitambua sauti. Mwenyewe anaitwa Elmo Wysocki.