Mzee Kamera na Filamu ya Nyumba Yake

Marehemu, ambaye wengi wenu mlimjua kama Mzee Kamera, alizaliwa tarehe 9 Juni 1952, mtoto wa tatu wa fundi viatu, katika chumba cha nyuma ya kibanda cha baba yake.

Alisoma hadi darasa la saba, mwaka 1966. Hapo akaingia studio ya picha kufagia, na mwenye studio akamfundisha kushika kamera. Miaka mingi alipiga video za harusi. "Harusini kila mtu kajipanga," alikuwa akisema. "Watu wenyewe wako nyumbani."

Tarehe 20 Agosti 1977 alimwoa mshonaji wa mtaa wa pili, ndiye Bibi yetu. Alipopata kamera yake mwenyewe, mwaka 1988, alianza filamu ya nyumba yake: watu wakipiga pasi, wakisukana nywele, wakigombania bafu. Masharti yalikuwa mawili. Wewe usiitazame kamera, na aliyeishika hasemi wala haingilii. Jumapili jioni shuka lilitundikwa ukutani, familia ikajitazama.

Siku moja maharage yalikuwa yanaungua, naye kasimama anayapiga filamu. Bibi akaingia mbio.

"Baba watoto, moshi wote huo huuoni?"

"Nauona. Ndio ninaoupiga."

"Basi leo utakula mkanda."

Alikula mkate mkavu, na kipande hicho ndicho alichomwonyesha kila mgeni.

Binti yake mkubwa, lakini, hakuwa na raha. Katika mikanda yote hiyo baba yake hayumo hata mara moja. "Baba, wajukuu watajuaje kwamba na wewe uliishi humu?" Mzee akamjibu, "Si mimi ndiye ninayewaona, mama?"

Mwaka 2022 figo zilianza kumsumbua, mikono ikatetemeka, picha zikawa zinacheza. Hakuomba msaada. Bibi ndiye aliyemtoa kamera mikononi, akamgeuzia yeye, na masharti yote akayavunja hapo hapo.

"Kaa vizuri. Angalia huku."

"Mpiga filamu hasemi."

"Huyu anasema."

Mzee akacheka, akaiangalia kamera. Kisha mto wake ukateleza. Bibi akaiweka kamera kitandani akaenda kuuinua, kwa hiyo baada ya hapo inaonekana dari tu, na wao wawili wanasikika wakibishana kuhusu mto, taratibu, mpaka betri ikaisha.

Picha iliyo kwenye jalada la kijitabu cha mazishi mlichoshika imetoka humo. Ya uzee wake hatukuwa na nyingine.

Alifariki nyumbani asubuhi ya tarehe 3 Februari 2024, mkono wake ukiwa mkononi mwa Bibi. Kamera ilikuwa kabatini.

Ameacha mjane, mabinti wawili, mwana mmoja na wajukuu sita. Jumapili hii shuka litatundikwa kama kawaida, na safari hii yeye yumo.

Pumzika kwa amani, Mzee wetu. Maharage tutayaangalia sisi.