Mistari ya Chaki ya Bi. Awinja

Tarehe thelathini mwezi huu Bi. Emily Awinja anastaafu, baada ya miaka thelathini na miwili katika idara yetu ya tiba ya viungo hapa Kakamega. Kuandika haya nimepewa mimi, niliyemkosea kuliko wote. Nadhani ni adhabu.

Waliokuwepo wanasema alianza akiwa mwembamba. Waliowahi kula naye ingokho, kuku wetu wa kienyeji, wanajua yaliyofuata. Amewasimamisha wakata miwa wa Kabras waliovunjika nyonga, na wazee waliokwisha kukata tamaa. Kila mgonjwa akipiga hatua, Awinja huchora mstari wa chaki sakafuni pale alipofika, na ole wake anayepitisha dekio hapo.

Mwaka 2014 walikuja watoto wawili kutoka Khwisero, Naliaka na kakake Ignatius, wakitembea kwa mikono na miguu. Ni hali adimu ya kurithi: sehemu ya ubongo inayoshika mizani ya mwili haikukua sawasawa. Kijijini waliambiwa ni laana. Mimi, kwa usomi wangu wa vitabu viwili, niliandika kwenye faili kwamba wanatuonyesha binadamu wa kale alivyotembea kabla ya kusimama.

Awinja alinituma msituni Jumamosi nikaangalie nyani wanavyopanga miguu. Nilirudi bila ndizi zangu, lakini nilikuwa nimeona: watoto wetu hawatembei hivyo. Akaniambia mbele ya wanafunzi, "Hawa hawajarudi nyuma, bwana. Wanaogopa kuanguka. Ungekuwa unaanguka kila siku, wewe ungetambaa hata kwa meno."

Nilifuta nilichoandika kwenye faili.

Aliwashonea glavu za turubai, na kila Jumanne akawashika viuno wajifunze kusimama. Ignatius alifikisha hatua kumi na moja. Mwaka 2018 homa ya mapafu ikamchukua. Mstari wake bado uko karibu na dirisha; Awinja huukoleza kila ukififia.

Tangu hapo Naliaka hutembea kwa miguu miwili hadi kwenye mstari huo, kisha huketi. Nguvu za kuupita anazo, ila hataki kumwacha kakake nyuma. Sote tulitamani aupite kabla Awinja hajaondoka. Jumanne iliyopita aliketi palepale. Awinja, kwa magoti yake hayo, akaketi naye, akampa chaki.

"Siku utakayoupita, chora mwenyewe."

Naliaka ameiweka mfukoni.

Asante, Bi. Awinja. Ukapumzike vyema kwako Malava. Sakafu tutailinda.