Mwenye Chungu Huonja Kwanza

Amahoro, amani kwenu, ndugu zangu wa kikundi. Mwenyekiti kaniambia nisizidishe maneno. Mnanijua sokoni, huwa siongezi kitu bure. Mara moja tu nilitoa bure, na nusura nife.

Nilikuwa nauza pombe ya ndizi kule kwetu ng'ambo ya mpaka, mjini. Mchana mmoja redio ikatangaza kwamba rais ameondolewa. Watu wakamwagika barabarani, wakawakumbatia askari walioasi. Mimi nikatoa vyungu vyote nje, nikawachomekea mirija wanywe. Jirani yangu naye akanywa, tena akanisifu.

Ndugu zangu, nawaambia, mapinduzi hugombewa redioni. Kesho yake askari wa rais wakaja kuichukua redio yao. Wakauana na wale niliowanywesha, maiti zikalala mitaroni. Kufika jioni redio ikasema rais yupo. Serikali haikuanguka. Tulioanguka ni sisi.

Wakapita nyumba kwa nyumba wakiuliza nani aliwakirimu waasi. Jirani yule, mdomo bado unanuka pombe yangu, akanyoosha kidole. Mdogo wangu ndiye aliyefungua mlango. Wakampiga kitako cha bunduki, meno yakatawanyika, kisha wakamfyatulia risasi kifuani. Akaangukia vyungu. Pombe na damu vilinifuata pamoja hadi chini ya kitanda nilikojificha.

Nikavukia Kibondo, nikakaa kambi ya wakimbizi ya Mtendeli. Kambi ilipofungwa, shangazi aliyeolewa hapa Makere akanichukua. Lakini kila jirani nilimwona kidole tu. Siku mlipokuja kunisaidia kujenga, badala ya kuwawekea chungu kimoja, nilimpa kila mtu kikombe chake. Mkaacha matofali, mkaondoka.

Akabaki mama mmoja, yuko humu. Akaniuliza, "Mwanangu, kikombe cha peke yake hupewa adui. Sisi tumekufanya nini?"

Nikamweleza yote. Hakunipa pole. Alikwenda kwake, akarudi na chungu, akanywa yeye kwanza kama desturi, kuonyesha hakina sumu, halafu akanipa mrija ule ule. Nikanywa. Nililia pia, lakini hilo msilitangaze.

Asante, mama. Asanteni mliorudi kwenye matofali, ingawa ukuta mmoja umepinda. Nimeupima mara mbili.

Redio ikisema serikali imeanguka, msicheze. Ingieni ndani, hesabuni watoto, kisha hesabuni tena. Ila jirani msimwogope maisha yote kwa kosa la mwingine.

Chungu cha leo ni changu. Sogeeni. Naonja kwanza.