Tani Mia Moja za Moshi Aliozuia Mama Dohani

Marehemu, ambaye wengi tulimwita Mama Dohani kwa jinsi alivyopanda mabomba ya moshi akiwa na vipimo vyake, alizaliwa tarehe 14 Machi 1958, mtoto wa tatu wa mchoma chokaa, katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya kiwanda. Nguo nyeupe zilianuliwa zikiwa za kijivu. Akiwa mdogo alidhani ndivyo nguo zinavyokauka.

Alisoma shule ya kiwandani, kisha sekondari ya bweni, na mwaka 1982 akahitimu shahada ya kemia. Idara ya mazingira ilimwajiri kupima moshi. Viwanda vilitozwa faini, vikalipa, vikaendelea kufuka.

Mwaka 1985 aliolewa na fundi wa kuchomelea vyuma. Ni huyu aliyemcheka mwaka 1997, idara ilipoanzisha vibali vya moshi.

"Mama watoto, yaani mmefungua soko la uchafu?"

"Ndiyo, baba watoto. Ila bidhaa itapungua kila mwaka mpaka wachuuzi wakome."

Moshi wote wa bonde uliwekewa kikomo, kikagawanywa kwa vibali, kila kimoja tani moja. Kiwanda kilichopunguza moshi kiliuza vibali vya ziada, kilichoshindwa kilinunua. Kila mwaka kikomo kilishushwa. Hata hivyo marehemu hakuacha kujiuliza: je, hatukumpa mwenye fedha haki ya kuwakohoza wengine?

Asubuhi moja mwaka 2009 mumewe alipaza sauti jikoni: "Njoo uone, kuna mlima!" Ulikuwepo siku zote. Majirani walisimama barabarani, midomo wazi, na kijana wao wa kwanza, mtu mzima tayari, aliuona kwa mara ya kwanza.

Alipostaafu, kiinua mgongo chake kilinunua vibali mia moja, akavikalia tu. "Kazi yake ni kutotumika," alisema.

Mwaka 2021 mapafu yalianza kumsumbua. Matibabu yalikuwa ghali, na meneja wa kiwanda cha saruji alifika wodini na bei nono ya vibali vile. Familia ikagawanyika. Yeye akasema, "Nikiondoka amueni. Mkiuza, sitawanunia."

Alifariki tarehe 2 Juni 2023. Jana mumewe na watoto walivipeleka vibali idarani, vikafutwa mbele yao. Hakuna bomba litakaloutoa moshi ule, leo wala kesho.

Ameacha mume, watoto wawili, wajukuu watatu, mdogo wake anayewasomea haya, na mlima ule dirishani. Apumzike kwa amani chini ya anga aliyotufungulia.