Vipapatio vya Polepole na Pua ya Kuazima

Waitu ndugu zangu, mniwie radhi nikiongea taratibu. Mimi ni mtu wa maneno mengi, mnanijua, lakini hili nikilikimbiza linanitoroka. Wengi humu katika umoja wetu wa wapishi wa sherehe mnanifahamu kwa vipapatio vya kuku vya Kichina. Wengine mnanifahamu kwa jambo la pili, lile lililotokea Miembeni, na tukikutana sokoni mnaniangalia kidogo, halafu mnaangalia nyanya. Simlaumu mtu. Leo nalieleza mwenyewe, ili na ninyi mpumzike kunong'ona.

Nilianzia Muleba. Wachina walikuwa wanajenga barabara, wakaweka kambi karibu na kwetu, nami nikapata kazi ya kuosha vyombo jikoni kwao. Mpishi wao alikuwa mzee mwembamba, Kiswahili chake hakikujaza kiganja. Neno alilolipenda kuliko yote ni "polepole". Alikaanga vipapatio kidogo tu, ngozi ikapata rangi, akamimina sosi ya soya, akatia tangawizi, kitunguu saumu, sukari, na kiungo kikavu chenye umbo la nyota. Kisha akapunguza moto mpaka mchuzi ukawa unapumua tu, akakaa juu ya ndoo, akafumba macho. Mimi nilidhani amelala. Nikasogea kuongeza kuni, akanyoosha kidole bila kufumbua: "Mama! Polepole."

Asubuhi za kule zina ukungu, na harufu ile ilitoka jikoni ikaingia ndani ya ukungu, ikakaa humo. Nilitembea kwenda kisimani na kurudi nikiwa ndani yake. Sijui niwaambieje. Kuna furaha nyingine haina sababu, unajikuta tu umesimama na ndoo mkononi unatabasamu. Na nyama yenyewe ilipoiva, mfupa ulitoka wenyewe. Siku ile nilisahau kuosha masufuria.

Barabara ikaisha, mzee akarudi kwao, nami nikaolewa, nikahamia Kahororo na ujuzi wangu. Nilibadilisha kidogo. Badala ya sukari nilitumia mramba, ile juisi tamu ya ndizi zetu kabla haijawa pombe. Ukiichemsha na sosi ya soya na tangawizi inakuwa nzito, inang'aa, inashika kwenye kipapatio. Juu nikafunika majani ya mgomba kama tunavyofunika ndizi, na mkaa nikaufukia kwa majivu. Watu wakapenda. Ikawa hakuna sendofu, ile sherehe ya kumuaga binti anayeolewa, inayoanza bila sinia zangu kupita kwanza, kabla ya chakula chenyewe.

Basi nikavimba kichwa. Niseme tu ukweli, maana wapo humu niliowanyanyapaa. Wasaidizi wangu niliwakataza kuonja. Nilipita juu ya mvuke mara moja tu, nikasema, "Ongeza tangawizi," na kweli tangawizi ilikuwa imepungua. Niliwaambia, "Hapa inayojua ni pua yangu, ninyi menyeni vitunguu." Mnacheka? Aliyemenya vitunguu hakucheka.

Ndipo nikaugua. Homa na mafua, siku nane kitandani. Siku ya tisa nikaamka nina nguvu, nikamiminiwa kahawa, nikanywa. Ndugu zangu, yalikuwa maji ya moto. Nikaomba nyingine, nikadhani wamekosea. Nikanusa sabuni, nikanusa kitunguu, nikanusa shati la mume wangu. Hakuna. Dunia ilikuwa palepale, rangi zake zote, sauti zake zote, lakini imewekwa nyuma ya kioo. Ulimi ulibakiwa na chumvi na utamu, navyo kwa mbali. Daktari akasema huenda pua ikarudi, huenda isirudi, nisubiri.

Nikasubiri nikiwa nimenyamaza. Zaidi ya daktari sikumwambia mtu, hata mume. Ningesemaje? Mpishi aliyejisifia pua miaka yote, leo hana pua? Niliendelea kupita juu ya mvuke, nikifumba macho, nikisema "Ongeza tangawizi," kwa kubahatisha. Mchana nikijilaza kidogo, nilisikia harufu usingizini. Nilikuwa Muleba kwenye ukungu, tangawizi inanukia mpaka natokwa machozi. Nikiamka naikimbilia kwa pua, naona inaondoka kupitia dirishani, na mimi nimebaki na shuka. Nililia sana kwa ajili ya kitu ambacho watu hawajui hata kama wanacho.

Sasa Miembeni. Ilikuwa sendofu ya binti wa nyumba moja ya Kiislamu, watu wenye heshima zao, waliniamini miaka. Mramba ulikuwa umetoka Kaagya, kwa wakwe zangu, ukakaa kwenye dumu jikoni kwangu siku mbili za joto. Nilipofungua niliona povu. Nikajiambia ni la kutikiswa garini, na wasaidizi, niliowazoesha kuwa inayojua ni pua yangu tu, hawakuthubutu kusema. Nusu nikaipika, nusu nikaimwaga juu ya vipapatio mwishoni, ving'ae. Vikang'aa kweli. Vilikuwa vizuri kutazama kuliko vyote nilivyowahi kupika.

Shangazi wa bi harusi alifunua jani la kwanza. Akarudi nyuma hatua moja. Akasema kwa sauti ndogo, "Mama, hii si rubisi?"

Ndiyo, ilikuwa rubisi. Pombe ya ndizi. Ule mramba ulikuwa umechacha, na mtu yeyote mwenye pua angejua kabla hajafika hata mlangoni pa jiko. Mama wa bi harusi akaja, akainama, akanusa. Hakupiga kelele. Laiti angepiga. Aliniuliza, "Mpishi, ulitaka kutulisha nini?"

"Nilisahau kuangalia, mama," nikasema.

Huo ndio uongo wangu, ndugu zangu. Hakuna aliyekuwa ameweka kitu mdomoni, Mungu alituepusha na hilo. Lakini sinia zote zilitolewa nje, wageni wakakaa na chai kavu wakisubiri chakula, na bi harusi alikuwa anaangalia mikono yake iliyopakwa hina. Binti yule nilimpikia tangu maulidi yake ya utotoni. Niliondoka kwa mlango wa nyuma na sufuria tupu.

Nikaacha kupika. Simu nikazima. Mume wangu aliponiona nakaa tu ukutani, akanipeleka Kaagya kwa mama yake, akidhani nimechoka. Nikakaa kule kama mgeni asiyejua amekuja kwa nani. Asubuhi shamba lote lilikuwa jeupe kwa maua ya kahawa. Mnajua maua yale yananukia vipi, yanakuita ukiwa bado hujavaa viatu. Mimi niliyaangalia tu. Yalikuwa kama theluji ninayoiona kwenye televisheni.

Siku moja mume wangu akaja kutuona, na mama mkwe akachinja jogoo. Akaniwekea sufuria mbele. "Haya, mkamwana, pika hayo ya Kichina niyaone."

Nikasema siwezi. Akasema kwa nini. Nikasema mkono unauma. Akautazama mkono, akanitazama mimi, akasema, "Mkono huo jana ulipalilia mistari mitatu." Hapo nikavunjika. Nikamwambia yote nikiwa nimekaa chini kwenye majani yaliyotandikwa jikoni, pua, povu, rubisi, uongo, yote.

Mama mkwe akacheka. Nawaambia alicheka mpaka akashika nguzo. Mimi nikakasirika, nikataka kuinuka, akanikalisha kwa kiganja kimoja.

"Mwanangu, mimi nimepika kuku toka nilipoolewa katika nyumba hii. Umewahi kuniona namla?"

Nikafikiri. Sikuwahi. Ninyi wa rika langu mnakumbuka tulivyoambiwa, kwamba zamani huku kwetu mwanamke hakuwa akila kuku, wala yai lake. Alimpika, akamgawa, akala maharage. Mama mkwe amekulia humo, na hata leo kuku hampiti kooni, anasema mdomo umeshazoea.

"Hata mchuzi wake sijaonja," akasema. "Na wakwe walikuwa wakali. Unadhani nilipikaje?"

"Ulipikaje, mama?"

"Nilisikiliza. Nilibonyeza. Halafu niliuliza."

Akanionyesha. Akaweka kuku jikoni, nami nikatia sosi ya soya niliyoikuta kwenye mfuko wangu wa safari, na tangawizi, na nyota zangu. Akaniambia nisogeze sikio, siyo pua. Mchuzi mwepesi unacheka, mchuzi uliokaribia unanong'ona, ulioiva unakaa kimya muda mrefu kisha unatoa pumzi moja. Akadondosha tone kwenye jani la mgomba: likikimbia bado, likisimama tayari. Akabonyeza kipapatio kwa kidole nyuma ya kiungo, pale ngozi inapoachia mfupa. Tulikaa hivyo mchana mzima, moshi unapanda taratibu kwenye nyasi za paa, mvua nyepesi inapita juu ya migomba inakwenda na kurudi. Sikujua ni saa ngapi. Kwa mara ya kwanza tangu niugue nilikuwa nimefika mahali.

Kisha akakata kipande, akakiweka kwenye jani, akamwita mwanawe kwa sauti ya kusikika mpaka kwa jirani: "Njoo uonje! Chumvi ikoje?"

Nikaona aibu. Mpishi anauliza chumvi!

"Unaona aibu ya nini?" akasema. "Wanawake wote tuliuliza. Kijiji kizima kilijua hatuonji. Ningenyamaza mimi nikajifanya najua, wakwe wangekula sumu."

Mume wangu akatafuna. Akasema, "Chumvi sawa. Tangawizi iongezwe." Nikaongeza.

Wiki iliyofuata nilikwenda Miembeni. Sikubeba chakula, nilibeba mdomo tu. Mama wa bi harusi alinikaribisha ndani kwa sababu yeye ni mtu wa kukaribisha, ila hakutabasamu. Nikamwambia, "Mama, siku ile nilikudanganya. Sikusahau. Sina pua. Nilikuwa nimepoteza pua miezi mingi na nikaficha, na nikaja kupika nyumbani kwako nikiwa hivyo."

Akaniuliza hata moshi sisikii? Sisikii. Hata udi? Akaenda akaleta chetezo, udi unafuka, akakiweka mbele yangu, akanitazama usoni kwa makini. Mimi nikauona moshi tu. Nikaona macho yake yanalowa.

"Kwa nini hukusema?" akasema. "Ningekuja kukunusia mwenyewe."

Ndugu zangu, hapo ndipo nilipopona. Pua haikurudi, mpaka leo haijarudi, ila mara chache kitu kinapita kwa mbali na sijui ni nini. Nilipona ule ugonjwa mwingine. Kwa sababu mama yule hakuishia kwenye maneno. Kila nikiwa na kazi, anakuja asubuhi na kanga yake, anafungua dumu moja moja, ananusa, anasema hili ndiyo, hili mwaga. Anapiga kelele kuliko nilivyopiga mimi enzi zangu. Wasaidizi wangu siku hizi wanaonja wote, na wanabishana, na mimi nabonyeza na kusikiliza.

Namshukuru Mungu. Namshukuru mama mkwe aliyenicheka nilipotaka kuhurumiwa. Namshukuru mume wangu kwa tangawizi ile. Wewe niliyekukataza kuonja ukamenya vitunguu mpaka macho yakavimba, nakuomba msamaha mbele ya watu. Na mama wa Miembeni, amekaa pale nyuma, hataki nimwonyeshe kidole. Nilimharibia siku ya mwanawe, akanipa pua yake.

Somo langu ni dogo. Kilichopungua kwako, kitaje mapema, ukiwa bado na watu jikoni. Aliye karibu anacho, na mara nyingi anasubiri tu uombe.

Sasa, vile vifuniko vya majani pale mezani ni vipapatio. Vimekaa motoni tangu asubuhi. Kuleni, lakini msinisifu, sifa nilishashiba. Mkitafuna nielezeni vinanukia nini, mmoja baada ya mwingine, kwa maneno yenu wenyewe, na msiharakishe. Mimi nitaketi hapa nifumbe macho, niwasikilize.