Kura ya Bi Ianthe

Kivuko cha kutoka Basseterre, mji mkuu ulioko kisiwa cha St Kitts, kurudi kisiwa kidogo cha nchi hiyohiyo, Nevis, kilikuwa nusu tupu, lakini fundi mwashi wa Nevis na muuza samaki wa St Kitts, waliokaa mbele ya Bi Ianthe, walikijaza kwa kelele.

"Kodi yetu inaishia kwenu," fundi alifoka. "Barabara tu tunaipigia magoti! Bora tujitenge."

"Watu elfu kumi na mbili mtakuwa nchi gani, kaka?"

"Nchi ni nchi, dada. Ile kura ya kujitenga, theluthi mbili tulizikosa kidogo tu. Mama, wewe si wa kwetu? Ulipiga kura gani?"

"Ya ndiyo," alijibu Bi Ianthe. Wakati ule mumewe, mzaliwa wa St Kitts, alikuwa hai, nao walibishana mpaka chai ikapoa. Alipofariki, ndugu zake walimvusha wakamzike kwao.

"Umesikia?" fundi alishangilia. "Sasa huko ulifuata nini?"

"Mume wangu yuko huko." Alisukuma kijembe chenye udongo wa makaburini chini ya kiti.

Fundi alicheka. "Mwambie arudi upesi, mama, kabla hatujamdai pasipoti!"

Kivuko kiligusa gati. Wote waliinuka, isipokuwa Bi Ianthe, aliyekuwa bado anatazama St Kitts ng'ambo ya maji.