Viateur Sebarenzi, Juge wa Mashamba Yenye Kulala

Mama Emérita, watoto, Padri, Bwana Chefu, na ninyi wote mulipanda huu mulima: mukae kimya kidogo, tusikie maisha ya Viateur Sebarenzi mbele udongo haujamufunika. Kalani wa misioni alitaka kuyaandika yeye, kwa maneno mazuri. Tulikataa. Ni ya ukoo wake.

Viateur alizaliwa hapa Karuba mwaka 1903, kufuatana na kitabu cha ubatizo. Mama yetu alisema ni mbele ya pale, wakati wa mavuno ya mutama, na mama yetu alikuwa pale. Alikuwa mutoto wa tatu wa Sebahire na Mukandayisenga. Baba alimuachia mashamba mbili: moja kubwa kule juu ku kilima cha Ruhanga, na moja ndogo, hii ya chini ya nyumba. Ya Ruhanga ilikwenda. Hii ya chini njo imebaki, na ilimunyima usingizi mpaka mwisho. Mutasikia.

Alisoma kwa misioni tangu 1917 mpaka 1920: kusoma, hesabu, katekismo. Alibatizwa siku ya Pasaka 1920. Padri alitaka abakie, awe katekista. Viateur akamujibu: «Padri, katekista hawezi kukasirikia watu kila siku. Mimi nitashindwa.» Padri alicheka, akamuacha arudi ku jembe.

Tarehe 12 Februari 1927 alifunga ndoa na Emérita wa Muheto. Siku ya kwanza alipokwenda kujionyesha kule, chakula kilipoa. Bwana harusi hakuwa mu nyumba. Walimukuta ku mupaka wa shamba ya baba mukwe, anapanda upya muyenzi, ule muti wa mupaka, ulikuwa umeanguka. Mashemeji wakamuuliza: «We kaka, ulikuja kuoa ao kupima shamba?» Akasema: «Huu muti mukiuacha chini, watoto wenu watapigana. Sasa muniletee chakula.» Emérita anasema ni pale alimupenda. Mungu aliwapa watoto saba, watano wakabaki.

Mwaka 1938 Chefu alimuweka juge, mwenye kukata kesi, mu tribinali yetu. Hiyo kazi Viateur aliifanya na miguu. Kesi ya shamba hakuisikiliza hata siku moja akiwa amekaa mu barza. Alikuwa anasema: «Tuende kule, mugombane mbele ya shamba yenyewe.» Wale wawili wanatembea ku mupaka, mumoja huku, mwingine kule, majirani wote nyuma, kupanda na kushuka. Wengi walikuwa wanasikilizana mbele ya kufika mwisho, juu ya kuchoka. Hakuna aliyemupa mbuzi ili ashinde. Mumoja alijaribu. Viateur alimurudisha na mbuzi yake mbele ya bibi yake, na watu walimucheka mpaka akahamia Mubambiro.

Sasa Ruhanga. Mwezi wa saba, 1946, Leta, serikali ya Wabeleji, ilituma Muzungu kutafuta ardhi isiyo na watu. Loi, ile sheria ya Leta, iliyoandikwa mbali, na watu wenye hawajashika jembe ku mulima wetu hata siku moja, ilisema ardhi isiyo na muntu iko ya Leta. Sisi hiyo loi hatukuijua. Sisi tulijua agronomo, bwana wa kilimo wa Leta. Mwaka mbele ya pale, 1945, alizunguka vilima vyote akipigia watu kelele: muache mashamba ipumzike, munaua udongo! Sawa vile wazee wetu hawakuwa wanajua hiyo. Shamba ikizaa misimu ya kutosha, unaiacha inalala myaka mine, mitano, majani inaota, kisha unarudi, na udongo unakupokea. Basi yule Muzungu alipofika na Chefu na maaskari, watu wakafikiri ni ndugu ya agronomo, alikuja kuangalia kama tunatii.

Akamuuliza Viateur: «Nani analima hapa?»

«Hakuna, Bwana. Iko inalala. Huu njo mwaka wa ine.»

«Hakuna muntu kabisa?»

Mama mumoja jirani akapaza sauti kutoka nyuma: «Kabisa, Bwana! Hata mbuzi yangu ikikaribia, ninaipiga!»

Muzungu akasema: «Muzuri sana.» Na watu wakapiga mikono.

Walipiga mikono. Mwaka 1947 waya ikazunguka Ruhanga yote, na ng'ombe za mukoloni mwenye kupewa ile ardhi zikaingia, na makaburi ya baba na mama yetu ikabaki ndani ya waya. Viateur alishuka ku ofisi mpaka viatu vyake vikaisha. Walimujibu: «Wewe mwenyewe ulisema, mbele ya Chefu wako. Uko juge, hapana?»

Angevumilia hiyo, maana ilitoka kwa wageni. Ile ya pili ilitoka kwetu. Mwaka 1950 Papa Mbonigaba aliingia mu shamba ya mujane Léontine, ilikuwa inalala, akapanda birayi, ndiyo viazi. Papa Mbonigaba, ninakuona kule nyuma na kofia. Ni muzuri ulikuja. Hautatoka mbele sijamaliza.

Viateur aliwapeleka wote ku shamba, sawa desturi yake. Mbonigaba akasema: «Papa Juge, wewe ulipoteza Ruhanga. Kama hiyo loi ni ya Muzungu peke yake, waseme. Kama ni ya watu wote, na mimi niko muntu.»

Léontine, mwenye kuolewa hapa kutoka Walikale, akajibu: «Kwetu mu pori shamba inalala mpaka miti inapita nyumba kwa urefu, na kila mutoto anajua ni ya nani!»

«Basi rudi ku miti yako!» Mbonigaba akamwambia.

Watu walicheka. Viateur hakucheka. Alisema: «Shamba yenye kulala iko na mwenyewe. Mbonigaba, chimbua birayi yako, utoke.»

Mbonigaba akapeleka kesi ku tribinali ya juu. Wale hawakuona shamba. Walivunja hukumu, wakaandika Viateur ahukumu tena kufuatana na loi. Alikataa. Tarehe 3 Machi 1951 walimutoa ku kazi. Katika sisi wote, hakuna hata mumoja aliyekwenda kwa Chefu kusema hapana. Kila muntu alikimbilia shamba yake, akaweka musitari wa maharagi katikati ya majani, ili waone kuna muntu.

Tangu pale hakuna shamba inalala tena Karuba. Mulisema loi ni ya Wazungu, lakini ni ninyi muliiingiza mu nyumba, mukaipa kiti. Mwaka 1955 tribinali yetu yenyewe, na juge wa ngozi yetu, ilihukumu kama shamba isiyolimwa misimu mbili haina mwenyewe. Wakaongeza kama njo desturi ya wazee. Mimi niko muzee. Hiyo desturi sikuikuta. Na mutama ambayo ilikuwa inapita muntu, sasa inamufika ku kiuno, na mvua inashuka na udongo wetu mpaka mu muto.

Viateur alianza kukohoa mwaka jana. Alilala ku hospitali ya misioni tangu Mei, wakamurudisha Julai. Siku za mwisho aliomba wamutoe inje, aangalie shamba ya chini. Alimwambia mutoto wake mukubwa: «Evode, uiache mwaka moja tu. Imechoka kuliko mimi.»

Evode akajibu: «Papa, tukiiacha, wataingia. Utanihukumia mu tribinali gani?»

Viateur aliomba wamurudishe ndani. Kisha akasema: «Sina tribinali, mwana wangu. Fanya kile unaona.» Alikufa Alhamisi, tarehe 28 Agosti 1958, asubuhi, Emérita akimushika kichwa.

Anaacha mujane, Emérita. Watoto watano: Evode, Joséphine-Marie, Colette, Symphorien na Hubert. Wajukuu kumi na moja. Na dada yake mukubwa, Athanasie Nyiramana, mwenye kuandika haya na kuwasomea.

Jana usiku ukoo ulikaa kuzungumuza juu ya shamba ya chini. Nilisema iachwe, sawa marehemu aliomba. Evode alilia, mwanaume mukubwa vile, akasema: «Shangazi, ukinionyesha tribinali moja tu itasema ni yetu, nitaiacha.» Sikuweza kumuonyesha. Wala Chefu hapa hakuweza, tulimuuliza.

Basi Mungu, mwenye kuhukumu bila kutuma muntu, amupokee Viateur na amupe pumziko. Sisi hatukuweza kumupa ule mwaka moja aliotuomba. Mvua iko karibu. Jumatatu tunalima.